Zabuni zimerudi nyumbani, fundi bado yuko nje

Tangu Kanuni mpya za Ununuzi wa Umma zianze kutumika mwaka 2024, huwezi kukaa na makandarasi wa Mbeya, Iringa au Njombe bila kusikia habari ya bilioni 50. Zamani kazi za ujenzi zilizotengwa kwa kampuni za Kitanzania peke yake ziliishia shilingi bilioni 10. Sasa miradi ya hadi bilioni 50 inaachiwa kampuni za ndani. Makandarasi wameupigania uamuzi huu miaka nenda rudi, na wana kila haki ya kuufurahia. Lakini kwenye mikutano ya wadau, redioni na vijiweni, uamuzi huo umeanza kuelezwa kama dawa ya sekta nzima ya ujenzi Nyanda za Juu Kusini: kampuni zetu zitapata kazi, zikipata kazi zitakua, zikikua vijana wetu watapata ajira ya maana. Hatua mbili za kwanza zinawezekana. Ya tatu haiji yenyewe, na hapo ndipo tunapojidanganya.

Ukomo wa bilioni 50 umebadilisha anayesaini mkataba. Haujamgusa anayejenga. Anayepanga tofali, anayefunga nondo na anayebeba karai la zege katika mikoa hii ni mtu yule yule, awe chini ya kampuni ya kigeni, mkandarasi wa Mbalizi au kamati ya ujenzi ya shule ya kata. Anaajiriwa kwa mdomo, analipwa kwa siku au kwa kipande, hana cheti wala bima, na akidondoka kutoka kwenye mirunda anarudishwa kwao kwa mchango wa wenzake. Tusipoiingiza hali yake ndani ya mikataba hiyo hiyo tunayoishangilia, miaka kumi ijayo tutakuwa na wenye kampuni wachache waliofanikiwa, na nguvu kazi iliyobaki pale pale ilipo leo.

Tukumbuke kwanza tunazungumzia sehemu gani ya nchi. Ni mikoa michache inayoweza kujenga nyumba kuanzia msingi hadi paa kwa vitu vilivyotoka jirani kama hii yetu. Saruji inazalishwa Songwe, nje kidogo ya jiji la Mbeya, tangu miaka ya 1980. Mbao zinatoka Mufindi, kwenye shamba la miti la serikali la Sao Hill, ambalo ndilo kubwa kuliko yote nchini, na kwenye mashamba ya wakulima wa Njombe, Mufindi na Kilolo. Udongo wa kufyatulia tofali upo karibu kila kata, na msafiri wa Agosti kati ya Makambako na Uyole anaona matanuru yakifuka moshi kando ya barabara. Kasoro zipo, na nyingine ni kubwa. Mkulima anayedaiwa ada ya shule hasubiri mti wa paini ukomae. Anauuza ungali mchanga, unapasuliwa kwa dingdong, mashine ndogo ya kuhamishika ya kupasulia mbao, huko huko shambani, na mbao inafika Mwanjelwa jijini Mbeya bado mbichi. Fundi anaipaua hivyo hivyo, na ikikauka juu ya kuta kenchi inapinda. Lawama inamwendea fundi, ingawa mbao iliharibiwa kabla hajaishika.

Kazi pia ipo. Barabara kuu ya kwenda Tunduma inapanuliwa kuwa njia nne kutoka Nsalaga hadi Ifisi, kilomita 29 zinazopita katikati ya jiji la Mbeya. Shule, vituo vya afya na majengo ya halmashauri vinajengwa kila wilaya, na watu binafsi hawajaacha kujenga hata siku moja. Kwa hiyo anayesema sekta hii imekwama kwa kukosa kazi anaangalia daftari la kampuni yake tu. Tatizo limekaa kwenye namna kazi hiyo inavyofika kwa mtu wa mwisho, na lina sababu mbili ambazo bilioni 50 haizitibu.

Ya kwanza ni kalenda, jambo ambalo nashangaa halizungumzwi. Mvua zetu ni za msimu mmoja, kuanzia Novemba hadi Aprili, na upande wa Rungwe na Kyela zinavuka hapo. Tofali za kuchoma zinafyatuliwa na kuchomwa kiangazi, na zege linakauka vizuri kiangazi. Mwaka wa fedha wa serikali nao unaanza Julai 1. Karatasini inapendeza, kwa sababu Julai ndiyo kiangazi kilipokolea. Lakini fedha hazishuki Julai. Zinashuka kidogo kidogo, kisha kuna kutangaza, kufungua, kutathmini na kusaini, na siku saiti inapokabidhiwa wingu limeshatanda. Mwezi huo huo saidia fundi anayetoka Mbozi au Ileje anarudi kulima mahindi, maana shamba ndilo linalomlisha mwaka mzima na saiti haijamhakikishia hata wiki mbili. Mkandarasi analalamika kuwa wafanyakazi wamemkimbia. Hawakumkimbia, wamefuata kitu cha uhakika kuliko alichowapa.

Mfano mkubwa zaidi wa kalenda hii ni madarasa ya mwaka 2021. Serikali ilipata mkopo wa shilingi trilioni 1.3 wa kukabili athari za UVIKO-19, na sehemu yake ikaenda kujenga madarasa 15,000 nchi nzima, kila moja kwa shilingi milioni 20. Mpango ulizinduliwa Oktoba, na madarasa yakatakiwa kuwa tayari kabla shule hazijafunguliwa Januari. Dodoma au Singida ratiba hiyo ilikuwa ngumu. Kwetu, ambako mvua inaingia Novemba, ilimaanisha kujenga ndani ya maji: tofali zilizolowa, lipu inayofunikwa turubai kila wingu likipita, lori la mchanga lililozama njiani kwenda shule ya kata iliyo juu mlimani. Ratiba ile ilibebwa na mafundi wa vijijini waliolala saiti. Nakumbusha hili kwa sababu kila mjadala wa ubora wa mafundi wetu unasahau mazingira tuliyowapa, kisha unahesabu nyufa.

Sababu ya pili ni mfumo wenyewe wa kumtumia fundi. Madarasa yale yalijengwa kwa force account, utaratibu ambao shule au halmashauri inanunua vifaa yenyewe na kumlipa fundi ufundi wake tu. Makandarasi waliuchukia utaratibu huu kwa nguvu zote, na hoja zao zina uzito. Bodi ya Usajili wa Makandarasi, iliyoundwa kwa Sheria namba 17 ya mwaka 1997, ipo ili anayejenga awe mtu anayejulikana, mwenye daraja lake kuanzia la kwanza hadi la saba, anayeweza kufutwa akiharibu. Kwenye force account ukuta ukipasuka unamfuta nani? Mwalimu mkuu aliyekuwa mwenyekiti wa manunuzi? Fundi aliyeondoka na ufundi wake mfukoni? Makandarasi wa daraja la sita na la saba, ambao darasa moja na choo ndiyo riziki yao, walishuhudia kazi zao zote zikihamia kwenye kamati. Hilo liliwaumiza kweli, na wapo waliofunga ofisi.

Watetezi wa force account nao hawakuwa wajinga. Milioni 20 kwa darasa ni fedha ambayo mkandarasi mwenye ofisi, gari na faida ya kuweka mezani angeipangia hesabu tofauti. Fedha ya ufundi ilibaki kwenye kata. Ilinunua mbolea na ikalipa ada. Na fundi wa kijijini alipata kwa mara ya kwanza kitu ambacho mkandarasi hakuwahi kumpa: mkataba wenye jina lake, ulioandikwa na ofisi ya umma. Ulikuwa mkataba mbovu. Ulimwekea hatari zote za kazi bila kumpa uwezo wa kuzibeba, lakini ulimtambua kama mtu aliyejenga. Tunaporudisha kazi hizo kwa kampuni, hata hicho kidogo kinapotea, kwa sababu kwenye makaratasi ya kampuni fundi huyo hayupo. Yuko kwenye daftari la msimamizi wa saiti.

Daftari lenyewe nimeliona, la fundi mmoja wa Mbalizi ninayemfahamu kwa miaka. Ni daftari la shule lenye jalada la bluu, kona zimelika kwa saruji. Upande wa kushoto kuna majina ya vijana wake, mengi ya utani tu, na mbele ya kila jina kuna tiki za siku. Siku ya kumwaga zege ina alama ya duara kwa sababu malipo yake ni tofauti. Siku hiyo wanaongezeka akina mama wa kuchota maji na kubeba kokoto. Kwenye kurasa za nyuma kuna madeni: nani alichukua “advansi” ya dawa, nani hajamaliziwa kazi ya mwezi wa tatu. Nilimuuliza anafanyaje mkandarasi akichelewesha fedha. “Mzee, vijana hawamjui mkandarasi, wananijua mimi,” akanijibu. “Nauza mbuzi, nawalipa.” Nilipomuuliza kuhusu bima alicheka kwa heshima, akaniambia wana kibubu chao cha kuchangiana.

Huyo ndiye mwajiri halisi wa sekta ya ujenzi Nyanda za Juu Kusini: fundi kiongozi mwenye daftari. Serikali ikichelewa kumlipa mkandarasi, mkandarasi anachelewa kumlipa fundi, na fundi anauza mbuzi. Mkandarasi anaweza kudai riba kwa malipo yaliyochelewa, kwa sababu mkataba wake unamruhusu. Fundi hana pa kudai. Tukiongeza ukubwa wa miradi hadi bilioni 50 bila kugusa mnyororo huu, tunaongeza pia ukubwa wa deni linaloweza kushuka hadi chini. Mkandarasi mzawa ana mtaji mdogo kuliko kampuni za nje, na benki inamtaka dhamana ya nyumba yake ya kuishi. Cheti cha malipo, yaani hati inayoidhinisha kazi iliyofanyika ilipwe, kikikaa wizarani miezi sita, yeye ndiye atakayetikisika mapema, na daftari la bluu litatikisika kabla yake. Ndiyo maana nasema upendeleo kwa wazawa bila nidhamu ya malipo unaweza kuwaumiza wafanyakazi wazawa kuliko hali ya mwanzo.

Hapa huibuka hoja ninayoiona dhaifu kuliko zote, ingawa ndiyo inayosemwa sana: kwamba vijana wa sasa hawataki kazi ngumu, wanataka bodaboda, na waliopo hawana ujuzi. Anayesema hivyo aende Dodoma. Tangu serikali ihamie huko, barabara ya Iringa kupitia Mtera imekuwa njia ya vijana wenye mwiko, pima maji na timazi kwenye begi. Wanapanda basi kwenda kufanya kazi ile ile ngumu mbali na nyumbani, kwa sababu huko kazi inaunganika, ikiisha hapa kuna ghorofa nyingine ng’ambo. Wanaokwenda Dar es Salaam ni hivyo hivyo. Mtu anayelala kwenye boma lisilo na milango ili apate siku ishirini za kazi mfululizo huwezi kumwita mvivu. Na hao wa bodaboda tuwaulize walianzia wapi. Wengi watakwambia walianzia saiti, wakadhulumiwa.

Kuhusu ujuzi, nakubali nusu. Upo upungufu wa kweli. Mafundi wengi wanajua kujenga walichokiona kikijengwa, na mambo mapya yakija, kama zege lenye uwiano uliopimwa au ringi zilizopangwa kufuata mchoro, wanakisia. Lakini ujuzi hauanguki kutoka mbinguni. Mbeya ina Chuo Kikuu cha Sayansi na Teknolojia, ambacho kilianza kama chuo cha ufundi miaka ya 1980. VETA, mamlaka ya mafunzo ya ufundi stadi, ina vyuo Mbeya na Iringa. Na kuna utaratibu wa VETA wa kurasimisha ujuzi uliopatikana nje ya darasa, ambao fundi anapimwa kwa kazi ya mikono yake na kupewa cheti. Utaratibu huo ni mzuri mno kuachwa usubiri awamu za miradi na ufadhili. Fundi hauendei kwa sababu hajaona cheti kikimwongezea hata shilingi mia kwa tofali. Mkandarasi haombi cheti kwa sababu zabuni haimtaki aoneshe mafundi wenye vyeti. Inataka mhandisi, magari na taarifa za benki. Kisha kuna tozo ya kuendeleza ufundi stadi, inayolipwa na mwajiri mwenye wafanyakazi kumi au zaidi kulingana na mishahara yake. Vibarua wasipokuwa kwenye orodha ya mishahara, tozo haihesabiwi kwa ajili yao. Sekta inayotumia mafundi wengi inakwepa kuchangia mafunzo yao, halafu inalalamika hawajafunzwa.

Jengo lilipoporomoka Kariakoo Novemba 16, 2024 na kuua watu, neno lililosambaa haraka mitandaoni lilikuwa “mafundi uchwara”. Lilinikera. Uamuzi wa kuongeza ghorofa, kuchimba chini ya jengo lenye watu au kupunguza nondo haufanywi na mbeba zege. Unafanywa na mwenye jengo na aliyepaswa kumsimamia. Mbeya sasa inapanda ghorofa, Mwanjelwa na Mafiati zinabadilika kila mwaka, na Iringa mjini majengo yanasimamishwa kwenye miteremko mikali. Fundi mwenye cheti na mkataba anaweza kumwambia bosi “hii nguzo siifungi hivi” bila kuogopa kukosa chakula jioni ile. Wa siku hawezi. Kwa hiyo usalama wa jengo na usalama wa ajira ya aliyelijenga ni jambo moja, na kuutenganisha mjadala huu kumetugharimu roho za watu.

Kuna pingamizi moja ninalolipa uzito kamili. Mkandarasi wa daraja la saba kule Makete au Ludewa atasema: ukiniwekea masharti haya yote, bei yangu inapanda, nakosa zabuni, na hao vijana unaowatetea wanakosa hata hicho kibarua. Ni kweli. Michango ya hifadhi ya jamii ni asilimia 20 ya mshahara, nusu ya mwajiri na nusu ya mfanyakazi, na kumlazimisha mtu anayejenga choo cha zahanati kuilipa yote kwa vibarua wa wiki tatu ni kumfunga. Lakini si kila sharti lina bei hiyo. Mchango wa Mfuko wa Fidia kwa Wafanyakazi ni nusu asilimia tu ya mshahara, na ndio unaomhusu moja kwa moja aliyevunjika mguu saiti. Mkataba wa maandishi wa kazi maalumu, ambao Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini ya 2004 inautambua, gharama yake ni karatasi na kalamu. Kwa daraja la chini tuanze na hivyo viwili. Kwa mradi wa bilioni 30 au 40, ambao ndio hasa uliofunguliwa na kanuni mpya, hakuna kisingizio: aliyeweza kupanga bei ya greda na lami anaweza kupanga bei ya binadamu.

Tumewahi kufanya hivi katika ardhi hii hii. TAZARA, reli ya kilomita 1,860 kutoka Dar es Salaam hadi Kapiri Mposhi nchini Zambia, ilijengwa kati ya 1970 na 1975 na Wachina pamoja na makumi ya maelfu ya Watanzania na Wazambia, na kipande kigumu kuliko vyote kilikuwa hapa, kupandisha reli kutoka Mlimba hadi Makambako. Waliotoka kwenye kambi zile wakiwa waashi, maseremala na wachomeleaji ndio waliofundisha kizazi kilichofuata mitaani. Walijifunza kwa sababu mafunzo yalikuwa sehemu ya mradi, hayakuachwa kwa hisani ya msimamizi. Barabara ya Nsalaga hadi Ifisi inaweza kutuachia mafundi wa aina hiyo, au inaweza kutuachia lami tu. Inategemea tunamwuliza nini anayeijenga.

Na maswali ya kuuliza yapo wazi, hasa kwa madiwani na wakurugenzi wa halmashauri zetu, ambao hawahitaji sheria mpya kwa mambo haya. Kabla hawajasaini cheti cha malipo, wadai orodha ya waliofanya kazi kipindi hicho, yenye sahihi zao kuwa wamelipwa. Kwenye miradi ya mapato ya ndani, ambayo kalenda yake iko mikononi mwao, zabuni zikamilike Machi na Aprili ili saiti ikabidhiwe mvua inapokatika, na mkandarasi apate miezi sita mikavu. Kwenye tathmini, mafundi wenye vyeti vya kurasimishwa wahesabiwe alama. Asilimia kumi ya mapato inayokopeshwa vikundi vya wanawake, vijana na watu wenye ulemavu iende pia kwa vijana wenye daftari la bluu wanaotaka kununua mashine ya kuchanganyia zege wasiikodi kila siku. Bajeti za halmashauri zinajadiliwa kila mwanzo wa mwaka, kabla ya kwenda Dodoma, na vikao vya baraza la madiwani viko wazi kwa wananchi. Mafundi wa Uyole, Mbalizi, Mafinga na Makambako waingie humo wakiwa na madaftari yao.